Picha ya Kijapani Ghalani Kalenga

Enzi zetu picha haikumfuata mtu mfukoni. Mtu ndiye aliyeifuata picha, tena kwa miguu, akiwa ameoga, amejipaka mafuta, na amebeba kigoda chake kichwani ili asikae chini. Ninyi wa rika langu mliokulia kandokando ya Ruaha Mdogo mnajua ninachokisema. Vijana wa leo hutazama picha kama kuku anavyodonoa punje, hii na hii na hii, na ukiwauliza jioni wameona nini, wanakuna kichwa. Mimi katika utoto wangu wote niliona picha moja tu. Haikuwa na sauti, haikuwa na rangi, na watu wake walikuwa Wajapani. Sijasahau hata kipande chake kimoja.

Sikupata kuingia darasani. Haya nayasema kwa kinywa, na mjukuu wangu anayaandika. Nimemwagiza asiongeze wala asipunguze. Sababu ya kutoingia darasani mtaiona huko mbele, kwa maana nayo imetokana na picha hiyohiyo.

Nyumbani kwetu Kalenga tulikuwa watu wanne. Mama alifariki nikiwa bado nanyonya. Alikuwapo Baba, alikuwapo Bibi mzaa baba, alikuwapo dada yangu Sikudhani, nami kitinda mimba. Bibi alikuwa kipofu. Macho yake yalifunikwa na utando mweupe kidogo kidogo, mwaka hadi mwaka, mpaka siku moja akauliza kwa nini hatujafungua mlango, ilhali alikuwa amekaa juani. Tangu siku hiyo Dada Sikudhani akawa macho yake. Bibi aliweka mkono wa kuume juu ya bega la Dada, wakaenda hivyo mtoni, kanisani, msibani na shambani, hata bega lile la kanga za Dada lilikuwa likichakaa kabla ya lile jingine.

Nakumbuka asubuhi za mwezi wa sita, jalidi, ule umande ulioganda, imelala juu ya nyasi kama chumvi, nasi tukipeleka ng'ombe machungani bila viatu. Ng'ombe akiinuka, tulikimbilia pale alipokuwa amelala tukasimama hapo ili udongo utupashe nyayo. Akidondosha samadi, tuligombania kuikanyaga. Mtoto wa leo nikimweleza hili anaziba pua. Amevaa soksi mbili na bado anapiga chafya. Tulicheza mdako kwa mawe ya mtoni. Tuliamia ndege kwenye ulezi tangu jua kuchomoza, na kifungua kinywa chetu kilikuwa togwa ndani ya kibuyu. Mvua zilipoanza, wazee walipogema ulanzi, pombe ya mianzi, sisi tulionjeshwa ule mbichi, mtamu, kabla haujawa mali ya wakubwa. Baba alitupimia kwa kifuniko. Ukijaribu kuomba cha pili alikwambia, "Ulimi wako ni mrefu kuliko mkono wako wa kulimia."

Baba alikuwa mtu mkali, nami sina haya kusema kwamba nimemrithi. Alikuwa askari katika vita vya Wazungu. Walimvusha bahari hadi misitu ya Bama, huko Asia, akapigana na Wajapani, akarudi na kovu begani, blanketi la kijeshi na tabia ya kusimama wima hata akiwa peke yake shambani. Habari za vita hakuzisimulia. Tulichojua ni kwamba jina la Mjapani halikutajwa wakati wa chakula.

Sasa nieleze habari ya jembe.

Kijana mmoja wa Madibira, kule Usangu, aitwaye Lutengano alikuwa mpakiaji katika lori lililoleta mpunga Iringa. Lori hilo lilipumzika kwenye kivuko chetu ili injini ipoe, na injini ile, kadiri miezi ilivyopita, ikawa inahitaji kupoa kwa muda mrefu zaidi kila Dada Sikudhani alipokuwa akifua. Siwezi kumlaumu. Lutengano alikuwa mrefu, mpole, mwenye kucheka kwa mabega. Alimsalimia Bibi kwanza, ndipo akamsalimia Dada. Jambo hilo Bibi alilitia moyoni.

Hatimaye akamtuma mshenga, mjomba wake. Kwetu posa haikuletwa kwa maneno matupu. Kwa desturi mshenga alileta jembe jipya lenye mpini, akaliegemeza ukutani kando ya mlango, akaondoka. Jembe lilikaa pale siku saba. Siku ya nane mshenga alirudi. Akilikuta safi kama alivyoliacha, alilichukua akaenda zake, na hakuna aliyetukanwa wala aliyetukana. Akilikuta na udongo, basi nyumba imekubali. Haikulazimu binti mwenyewe alilimie. Mtu yeyote wa nyumba ile akilima nalo hata tuta moja, neno limekwisha. Jembe lenye udongo halirudi.

Kwa sababu hiyo, jembe la posa lilichungwa kuliko mbuzi. Baba aliniita akanionyesha: "Ukiligusa lile, utakwenda kuolewa wewe." Nilikuwa na umri wa miaka kumi hivi. Nikawa napita mbali. Dada Sikudhani kila asubuhi alilifuta kwa kitambaa, ili vumbi la kuku lisije likadhaniwa ni udongo wa kulimia. Alilifuta taratibu, bapa na mpini, kama mtu anayemwosha mtoto. Mimi nilidhani anafurahi. Baadaye nilitambua kwamba mtu anayetaka jembe libaki hana haja ya kulifuta.

Kwa maana Dada alikwisha kata shauri. Siku ya tatu nilimsikia akimwambia Baba jikoni, "Nikienda Madibira, Bibi atashika bega la nani? Huyu mdogo?" Baba aliendelea kuchochea moto uliokuwa unawaka vizuri.

Jembe lililetwa Jumapili. Jumamosi iliyofuata ndipo alipokuja Mzee Sefu na picha yake.

Mzee Sefu alikuwa mfanyabiashara wa nguo mjini Iringa, Mwislamu, mtu ambaye babu zake walitoka pwani. Alikuwa na ndevu nyeupe, kofia ya mkono na Kiswahili kilichotoka kinywani kama kimechujwa. Sisi tuliokuwa tukizungumza Kihehe nyumbani tulikwenda kumsikiliza kama watu waendavyo kusikiliza kinanda. Katika safari zake za Dar es Salaam alipata kwa mtu wa bandarini mashine ya kuonyesha picha, pamoja na mikanda ya hadithi moja ya Kijapani, ya zamani, iliyotengenezwa kabla picha hazijajifunza kusema. Alizunguka nayo vijijini akiuza kanga na kaniki asubuhi, na alasiri akionyesha picha. Mashine ilizungushwa kwa mkono, na taa yake ilikula umeme wa betri za gari. Aliyeizungusha alikuwa mkewe, Bi Zuhura, mwanamke mnene, mtulivu, aliyetafuna tambuu huku akizungusha bila kukosa mwendo hata mara moja.

Mahali palikuwa ghala la mahindi kando ya barabara. Madirisha yalizibwa kwa magunia, na pengo la mlango likazibwa kwa blanketi la kijeshi la Baba. Ukutani ilitundikwa nguo nyeupe ya marekani. Kiingilio kilikuwa kikombe cha maharage, nasi tulitoa vinne. Ninapofumba macho nasikia bado harufu ya ghala lile: magunia, panya, jasho la watu, mafuta ya nyonyo kwenye nywele, na ile mashine ikinuka kama chuma kilichoachwa juani.

Baba nilidhani hatakuja. Alikuja. Jirani mmoja akamwuliza mlangoni, "Wewe nawe, askari? Umewafuata mpaka huku?"

Baba akamjibu, "Kule msituni tulisikia bunduki zao tu. Nimekuja kuona kama wana nyuso."

Akakaa amekunja mikono kifuani. Bibi akakaa kati ya Dada na mimi. Watu walimshangaa: kipofu anakwenda kutazama nini? Akawaambia, "Mimi namtazama Mzee Sefu." Na kweli, ile picha haikuwa na neno lolote la kusikika, maneno yote yalikuwa ya Mzee Sefu, aliyesimama kando ya nguo akisema kwa niaba ya kila mtu. Kwa binti alitoa sauti nyembamba, kwa mzee alikohoa, kwa kijana alinyoosha kifua. Kila baada ya muda picha ilikatika, yakatokea maandishi.

"Hayo yanasemaje?" mtu akauliza.

Watu wote wakamgeukia katekista wetu, msomi pekee wa upande ule. Katekista akavaa miwani. Akasogea mbele. Akainamisha kichwa huku, akakiinamisha kule.

"Hayo si maandishi," akasema. "Hivyo ni vijiti vimeanguka."

Ghala zima likacheka, na Mzee Sefu akakiri kwamba naye hajapata kusoma hata herufi moja. Hadithi aliielewa kwa kuwatazama watu wenyewe. Siku ile aliyesoma na asiyesoma walikaa kigoda kimoja.

"Sasa huyu binti wa hadithi, anayemtunza baba yake, tumpe jina gani?" akauliza Mzee Sefu. "Kila kijiji hunipa la kwao."

Mwanamke mmoja nyuma akapaza sauti: "Mwite Sikudhani! Naye ana mtu wa kumwangalia, tena ana jembe mlangoni!"

Wanawake wakapiga vigelegele. Dada akajifunika kanga mpaka usoni. Bibi akampapasa goti, akasema, "Waache. Kicheko hakitoboi ngozi." Basi binti wa Kijapani akaitwa Sikudhani, na tangu hapo hakuna aliyeweza kuitazama picha ile kama habari ya watu wa mbali.

Picha ya kwanza ilikuwa mashamba yaliyojaa maji, na wanawake katika mstari, wameinama, wanapanda mpunga. Mimi mpunga nilijua unatoka mahali pamoja tu duniani. Nikamnong'oneza Dada, "Hapa ndipo Madibira?"

"Nyamaza."

Kisha, baada ya muda, akaninong'oneza yeye: "Sijui. Labda."

Wazee wawili nyuma yetu wakathibitisha kwa sauti kwamba ni Usangu kabisa, isipokuwa Wasangu wamebadilisha mavazi. Nilimwona Dada ameondoa kanga usoni. Aliwatazama wale wanawake, migongo yao, miguu yao ndani ya maji, na mmoja aliyejinyoosha akacheka na mwenzake. Alitazama kama mtu anayeonyeshwa chumba atakacholala.

Hadithi yenyewe ilikuwa nyepesi. Yule binti aliishi na baba yake mzee, mgonjwa wa kifua, katika nyumba ya paa la nyasi. Watu waliguna kwa kuridhika walipoliona lile paa. Binti alipomletea mzee chakula alipiga magoti, akakitoa kwa mikono miwili, akainamisha kichwa, sawasawa na tulivyofundishwa sisi. Bibi mmoja mbele yetu akasahau kuwa ile ni nguo ukutani, akamwitikia kwa salamu yetu ya Kihehe, "Kamwene, mwanangu." Hapo nilimtazama Baba. Alikuwa amekunjua mikono.

"Ni wakulima," akasema polepole, bila kumwambia mtu. "Kumbe walikuwa wakulima."

Binti akapendwa na kijana mchoma mkaa, mtu mwaminifu aliyempelekea mzee kuni bila kuombwa. Halafu kijana akapata kazi ng'ambo ya mlima, akaja kumchukua binti amwoe. Wakafika darajani, kijana amebeba fungu la nguo la binti begani, amemshika mkono. Vitu vyeupe vikaanza kuanguka kutoka mbinguni. Mzee Sefu, mtu wa asili ya pwani, akatutangazia kwamba ni pamba. Baba akamsahihisha kutoka alipokaa: "Jalidi hiyo, Mzee Sefu. Inaanguka vibaya tu." Lakini hakuna aliyecheka, kwa kuwa pale darajani binti alikuwa amegeuka kuangalia nyuma.

"Twende, Sikudhani," Mzee Sefu akasema kwa sauti ya kijana. "Huko kuna kazi, kuna nyumba."

"Baba yangu akiniita," akasema kwa sauti ya binti, "ataitikiwa na nani?"

Yule binti alichukua fungu lake kutoka begani mwa kijana. Akainama, akapiga hatua, akainama tena. Kijana akavuka daraja peke yake. Binti akarudi mbio hadi nyumbani, akafungua mlango, na baba yake mzee akamtazama.

"Na hivi ndivyo," Mzee Sefu akamalizia, akiinua mkono, "mtoto mwema alivyochagua wajibu wake. Mzee akafurahi, akacheka, akamshukuru Mungu."

Wazee wakapiga makofi. Katekista akasema hiyo ni amri ya nne yenyewe, waheshimu baba na mama. Wanawake walimgeukia Dada, safari hii bila kumtania, wakimtazama kwa heshima. Naye Dada aliitikia kwa kichwa, macho yamekauka.

Ndipo Bibi alipoita, "Mwenye picha!"

"Labeka, Bibi."

"Mimi sina macho. Niambie vizuri. Uso wa huyo mzee ukoje?"

"Anacheka, Bibi. Amefurahi."

Kutoka nyuma, kwenye mashine, tukasikia sauti ambayo hatukuwa tumeisikia alasiri yote. Bi Zuhura alitema tambuu kwenye kopo, akasema:

"Mwambie kweli, Sefu."

"Kweli ipi, mke wangu?"

"Kila kijiji unasema anacheka. Wewe umewapa mgongo wenye picha, unawatazama wateja wako. Mimi ndiye ninayezungusha, mimi ndiye ninayemwona. Yule mzee analia."

Mzee Sefu akavua kofia akaivaa tena. Bibi akasema, "Zungusha tena, mama, hapo mwishoni." Bi Zuhura akarudisha mkanda, akazungusha, na safari hii Mzee Sefu aligeuka akatazama kwa macho yake. Binti alifungua mlango. Mzee alimwona. Midomo ilivutika kama mtu anayecheka, na hilo ndilo lililomponza Mzee Sefu miaka yote. Lakini mabega yalikuwa yanatikisika, na alijifunika uso kwa mkono wa nguo yake.

"Analia, Bibi," Mzee Sefu akasema, bila kubadili sauti, kwa sauti yake mwenyewe. "Nisamehe. Analia."

"Analilia nini?"

Akajibu Bi Zuhura. "Kijapani sikijui. Lakini mtu anayelia kwa furaha hajifichi uso mbele ya mtoto wake."

Bibi alinyanyuka, akaweka mkono begani kwa Dada, tukarudi nyumbani kwa njia ya mtoni, jua likiwa bado juu ya vilima. Baba alitangulia. Hakutembea wima kama kawaida yake.

Jioni hiyo, tulipomaliza ugali wetu na mboga za maboga, Dada alipiga magoti mbele ya Baba. Alisema, "Baba, kesho mshenga akija, mpe jembe lake. Mwambie tumeshukuru."

Nafikiri Baba alitaka kusema jambo, lakini alikuwa mtu aliyefundishwa kutoa amri, na jambo lile halikuwa la amri. Akasema tu, "Nimesikia." Bibi, aliyekuwa anachambua maharage kwa vidole, aliendelea kuchambua.

Asubuhi tuliamshwa na mlio wa jembe.

Tulidhani ni jirani. Lakini ilikuwa Jumapili, na sauti ilitoka nyuma ya nyumba. Baba alitoka mbio, sisi nyuma yake. Jalidi ilikuwa bado chini. Bibi alikuwa amesimama peku kwenye kipande cha shamba la maharage, amejifunga kanga kiunoni, anainua jembe na kulishusha, anainama, anapapasa udongo kwa mkono wa kushoto kujua amefika wapi, anainua tena. Lilikuwa lile jembe jipya. Bapa lake lilikuwa jeusi kwa udongo hadi kwenye mpini. Nyuma yake lilikuwapo tuta moja refu, limepinda kama nyoka aliyepigwa.

"Mama!" Baba akapiga kelele. "Hilo ni jembe la watu!"

"Lilikuwa la watu jana," Bibi akasema.

Dada alianguka magotini palepale kwenye jalidi, akashika miguu ya Bibi. "Bibi, umefanya nini? Nani atakuongoza?"

"Na hapa nimeongozwa na nani?" Bibi akauliza. Alihema, akaegemea mpini. Kisha akasema maneno ambayo sijayasahau, nami nayatoa kama yalivyo: "Jana nimesikia mzee mwenzangu analia kwenye picha. Kamla mwanawe, na baada ya kushiba ndipo akaionja ladha yake. Mimi meno sina. Nenda, mwanangu."

Nilitarajia Baba akasirike. Alikwenda akasimama mbele ya lile tuta, akalitazama tangu mwanzo hadi mwisho. Akasema, "Mstari huu ningeuonyesha kwa sajini wangu, angenifunga." Halafu akageuka upande wa mto, akajifuta uso kwa mkono wa shati, namna ileile ya yule Mjapani, nami nikajifanya sijaona.

Mshenga alifika baada ya misa. Aliliona jembe pale ukutani, limejaa udongo. Hakuuliza limelimiwa na nani. Alipiga makofi mara mbili, akasema, "Kamwene," tukaitikia, na Dada Sikudhani akaolewa Madibira kabla ya mvua.

Bega likabaki langu. Kwa kimo changu, Bibi alilazimika kuinama kidogo, na mwendo wetu ulikuwa wa kuchekesha, lakini tulifika popote tulipotaka kufika. Mwaka uliofuata katekista alikuja kuniandikisha shule. Baba alikubali. Bibi ndiye aliyesisitiza. Alisema atakaa nyumbani asubuhi, na jirani atamchungulia. Nikanunuliwa gauni. Siku ya kwanza nilifika hadi kivukoni. Nikaweka mguu mmoja juu ya jiwe la kwanza. Hakuna aliyeniita wala kunirudisha. Nikamkumbuka yule binti pale darajani, jinsi alivyoinama, akapiga hatua, akainama tena, na katika akili yangu ya kitoto hapakuwa na mtu aliyekuwa bora kuliko yeye duniani. Nikageuka, nikakimbia hadi nyumbani.

Mzee wa kwenye picha alilia. Bibi yetu hakulia. Alinitambua kwa mwendo, akachukua fimbo yake akanichapa miguuni kwa kipimo kizuri. Kesho yake nikaenda tena hadi kivukoni, nikarudi tena, akanichapa tena. Siku ya tatu alisikia nakuja, akaitupa fimbo, akanyoosha mkono akitafuta bega langu. Katekista alikuja mara mbili, naye akachoka. Hivyo Dada alichukua nusu moja ya hadithi ile, nami nikachukua nusu ya pili, kila mmoja kwa hiari yake. Wengine wameniuliza kama najuta. Mambo ya kujuta ninayo, lakini miaka saba ya mkono ule begani kwangu haimo. Njiani alinifundisha majina ya miti kwa harufu, ya ndege kwa sauti, na ya watu kwa namna wanavyonyamaza.

Dada Sikudhani aliletwa na lori kila baada ya mavuno, na gunia la mchele, na mtoto mpya mgongoni. Alikuwa mweusi kwa jua la Usangu na miguu yake ilipasuka kwa maji ya mashamba. Mara ya kwanza nilimwuliza kama Madibira ni kama kwenye picha. Alicheka kwa mabega, kama mumewe. "Ni vilevile," akasema. "Mbu tu ndio hawakuonyeshwa." Bibi alikufa akiwa amemshika yeye mkono mmoja na mimi mwingine.

Siku hizi mambo yamekuwa mepesi, na sisemi kwamba wepesi ni dhambi. Mjukuu wangu mmoja aliye Mbeya mjini alichumbiwa kwa ujumbe wa simu siku ya Jumatatu, na Alhamisi ujumbe ukafutwa, na kwenye simu haikubaki hata alama. Nilimwuliza, kwani jembe mlilifuta kwa kitambaa gani? Hakunielewa. Picha nazo zinasema zenyewe, zinaimba zenyewe, kila mtu na yake kiganjani, masikio yamezibwa; hapana Mzee Sefu wa kukosea, hapana Bi Zuhura wa kumsahihisha, na bibi kipofu hawezi kuuliza uso wa mtu ukoje, kwa kuwa waliokaa naye chumba kimoja hawamsikii. Mambo yao mengi yananishangaza kwa wema. Hilo linanisikitisha.

Jembe lile bado ninalo. Bapa limelika hadi limebaki dogo kama kiganja cha mtoto. Mwaka jana kijana mwenye trekta alikuja kututengenezea shamba, akapiga mistari iliyonyooka vizuri kabisa, hata Baba angempigia saluti. Alipofika nyuma ya nyumba akasimama, akaniita.

"Bibi, hili tuta moja limepinda. Nilinyooshe?"

Nikamwambia apite mbali. Kisha nikachukua jembe langu, nikalipalilia mwenyewe tuta la Bibi, kama nifanyavyo kila mwaka, nikifuata kila kona kama ilivyolimwa asubuhi ile, na nikapanda maharage.